Vigae Chini ya Masale

"Tangu lini masale yanatembea?"

Swali hilo aliliuliza Mama Hajarah, jirani yao pale Mpumudde, asubuhi moja kwenye chemchemi ya mtaa. Alikuwa akiikazia macho ile safu ya mimea ya mpaka. Namukose, msichana wa miaka kumi na miwili, aliinama akajifanya anasugua jerikeni lake. Mama Hajarah akacheka, akasema labda ni macho yake ya uzee, akajitwika maji akaenda zake.

Miezi ikapita. Bwana Geresom, mwuza saruji, akadai kortini kwamba chemchemi imo ndani ya kiwanja chake. Hakimu alikuja kutoka Jinja mjini, akatazama masale, akaona kweli chemchemi iko upande wa Geresom; watu walibisha, lakini hawakuwa na ushahidi, akahukumu hivyo. Kesho yake seng'enge ikazungushwa. Watu wa mtaa sasa walichota maji bondeni, wanakonywea ng'ombe, na watoto wakaanza kuharisha.

Namukose alijua. Wakati wa likizo, kabla ya kesi, Bwana Geresom alimwomba amsaidie kuhamisha masale. "Napanua njia, binti, wenye maji wapite vizuri," alisema, kisha akampa viatu vipya vya shule. Nyumbani Namukose alidanganya kwamba amepewa kanisani.

Jioni moja mama yake, Topista, alisali kama kawaida: "Mungu wa wajane, turudishie maji yetu." Akangoja. Namukose hakuitika.

"Amina imekukwama wapi leo?" mama aliuliza.

Namukose akalia, akasema yote. Topista alimsikiliza mpaka mwisho. Hakumpiga.

"Vua viatu," alisema. "Kesho tunakwenda kortini."

Karani wa korti hakuinua hata kichwa. "Mama, hukumu imeshasomwa. Nendeni nyumbani."

"Bwana, mimi niliishia darasa la sita," Topista alijibu, "lakini najua kilichosomwa husomeka tena." Akavuta benchi, akaketi mbele ya meza yake.

Karani alipoona haondoki, akaeleza. Sheria inamruhusu hakimu kuipitia upya hukumu yake, ikiwa umepatikana ushahidi mpya ambao haukujulikana siku ile. "Lakini neno la mtoto peke yake ni jepesi, mama. Nani aliyapanda masale hayo?"

Waliyapanda akina mama wa mtaa, zamani. Aliyebaki hai ni mmoja tu, Bibi Khainza, naye alikwisha kurudi kwao Mbale. Topista na bintiye wakamfuata huko. Walimkuta akiloweka malewa, yale machipukizi makavu ya mianzi, jikoni kwake. Alipokwisha kusikia habari, akapangusa mikono taratibu.

"Geresom aling'oa majani tu," alisema. "Hakuuliza tulizika nini. Tulivunja mtungi wa maji, na chini ya kila isale tukafukia kigae. Isale likihama, kigae hubaki. Hukumu si Mlima Wanale, mwanangu. Twende tukaisogeze."

Waliporudi, Bwana Geresom, aliyekwisha kusikia habari, alikuwa akiwangoja mlangoni pao.

"Topista, mtoto wako atafungwa. Mwambie anyamaze."

"Marehemu mume wangu alikuwa askari magereza, Bwana Geresom. Njia ya gerezani naijua vizuri. Wewe je, unaijua?"

Hakimu alipokea ombi lao, akaja tena na majembe. Chini ya masale yaliyosimama, palichimbwa pakaonekana udongo mtupu. Kisha Namukose akaonyesha safu ya zamani, hatua ishirini ndani ya seng'enge. Jembe likagonga kigae cha kwanza, kisha cha pili. Vilipofika vitano Mama Hajarah akasema, "Kumbe macho yangu hayajazeeka."

Wiki iliyofuata korti ilijaa watu. Hakimu aliifuta hukumu yake ya kwanza na kuamuru seng'enge iondolewe. Chemchemi ni ya watu wote. Kisha akamtazama Namukose.

"Nilihukumu kwa nilichoonyeshwa, nikakosea. Leo nimesahihisha mbele ya watu, na sikupungukiwa kitu. Wewe ulikosea kwa kunyamaza, na watoto wenzako wakaugua. Usisahau hilo. Lakini umesahihisha. Kosa likikaa kimya huota mizizi, likisemwa hung'oka." Akageuka. "Bwana Geresom, una neno?"

"Sina."

Namukose alisogea mbele, miguu mitupu juu ya sakafu baridi. Akaviweka vile viatu juu ya meza, mbele ya Bwana Geresom, vimepigwa rangi vinang'aa.

"Viatu vyako, bwana. Asante, sivihitaji."

Bwana Geresom akavitazama. Akachukua kofia yake, akaviacha palepale, akatoka nje.