Mkeka Usiofika Ukutani

Mkeka wa arusi wa Azumi ulisukwa kwa kipimo cha ghala lake, ukuta hadi ukuta, na tangu aolewe haukuwahi kuacha upenyo wa kupitisha unyoya wa kuku. Asubuhi moja ya msimu wa vumbi, katika ua wa mumewe ndani ya mji wa kale wa Zaria, aliinama kufagia akaona kiganja kizima cha sakafu tupu baina ya mkeka na ukuta wa ndani.

Alimweleza mama mkwe wake, Hajiya, aliyekuwa akipepeta mtama barazani.

"Mkeka umezeeka, umesinyaa," Hajiya akacheka. "Hata mimi nilipoletwa hapa nilikuwa mrefu kuliko hivi."

"Haukusinyaa, Mama. Ukuta ndio umerudi nyuma."

"Basi mumeo akirejea kutoka safari ya Maradi mwambie ameongezewa chumba bila kukanda udongo."

Upenyo ule ukawa shubiri, kisha dhiraa. Ghalani mkaanza kunuka udongo ulionyeshewa, ilhali mvua ilikwisha kuaga zamani. Azumi alipokohoa humo, kikohozi chake kilimrudia kikiwa kimechelewa kidogo, kama cha mtu anayejifunza kukohoa.

Alasiri moja binti yake aliingia kuchukua kibuyu, asitoke. Mlangoni ghala lilionekana lote, mitungi yake na magunia yake, na mtoto hakuwamo.

Jina la mtoto huyo lilikuwa limefungwa mara mbili kinywani mwa mama yake. Alikuwa kifungua mimba, na alikuwa ameitwa Saude, jina la Hajiya mwenyewe, kwa heshima yake. Na kwa desturi yao mwanamke mwenye haya hamtaji kwa jina kifungua mimba wake, wala hamtaji mama wa mumewe. Ua mzima ulimwita Bibi. Azumi alimwita "wewe," na majirani wakamsifu kwa adabu hiyo.

Akaletwa Malamu Tanimu, mwalimu wa dini na mpimaji, aliyerithi kwa babu zake elimu ya kupima mahali palipopinda na kupatuliza. Alisoma bismillahi, akarusha ndani kamba ya buluu yenye kipande cha chuma nchani. Kamba ikaenda, ikaenda, ikamalizika mkononi mwake, na ukuta ule ulikuwa umbali wa kufikia kwa mwiko. Alipoivuta, ikarudi kidogo tu, kisha chuma hicho hapo, kimelowa.

"Kamba inayoingia ni ndefu, inayotoka ni fupi," alisema taratibu. "Mola ameitandika ardhi, lakini yupo aliyepakunja hapa kama nguo. Mtoto yumo katika kunjo."

"Ni jini, Malamu?" Azumi aliuliza.

"Usimtaje mlangoni pake."

Alipigilia vigingi vitatu vya chuma katika pembe za nje, cha nne akabaki nacho.

"Sikiliza, binti yangu. Jina la mtu ndiyo kamba pekee isiyopindika, nalo sharti litoke kwa aliyemzaa. Usiseme mwanangu, usiseme kipenzi. Hayo ni maneno ya kila mtu, na humo mwenye masikio si yeye peke yake. Akitoka nitapiga kigingi cha nne, na pakishatulia, sina elimu ya kupafungua tena."

"Mama amwite," Azumi alinong'ona.

Hajiya alimshika bega. "Mimi sikumzaa. Litamke, nimekuruhusu. Aibu yake nitaibeba mimi."

Malamu akazunguka nyuma ya nyumba na nyundo yake. Azumi akasimama kizingitini, na nyuma yake wake wa shemeji zake na majirani wameziba midomo kwa mitandio, na mbele yake giza la ghala lililoanza kupumua harufu ya mvua, naye akaliinua lile jina kutoka kifuani hadi kooni, na kutoka kooni hadi ulimini, na hapo likakutana na macho yote ya wanawake wale, na mafunzo ya mama yake mzazi, na haya iliyomlea kabla hajajua hata kutembea, likarudi chini kama jiwe kisimani, na kilichotoka kikawa:

"Mwanangu."

"Labeka, mama."

Jibu lilikuwa karibu mno. Mkono mdogo, wa baridi, ukaingia katika wake. Msichana akatoka na kibuyu chake.

"Umemwita kwa jina lake?" Malamu aliuliza kutoka nyuma ya ukuta.

Wanawake wakainamisha vichwa. Azumi hakuweza kusema la, maana angetakiwa aanze upya mbele yao.

"Ndiyo," alisema.

Kigingi cha nne kikazama. Ghala likaguna, mkeka ukafika ukutani.

Jua lilipokuwa likitua wakala tuwo, ugali wa mtama, pamoja. Bakuli lilifuka moshi, na mtoto alizamisha vidole bila kupuliza.

"Bibi, mke mwenzangu," Hajiya alimtania, "mume wetu akija nitamwambia ulitoroka."

Wote wakacheka, wakanyamaza. Ndipo mtoto alipocheka.

Azumi alimtazama. Akayasahau macho ya watu, na mama mkwe aliyekaa mbele yake, na haya ya maisha yake yote, akalitamka wazi.

"Saude."

Mwiko ukamdondoka Hajiya. Mtoto hakugeuka, alikuwa akichota mchuzi. Na kutoka ndani ya ukuta, mbali kama mtu aliye ng'ambo ya mto, sauti nyembamba ikaitika.

"Naam, mama. Naja. Mbona mbali hivi?"

Yule aliyekuwa penye bakuli akainua uso, akatega sikio, akatikisa midomo polepole mpaka akaipata sauti hiyo.

"Naam, mama," alisema kwa sauti ileile. "Naja. Mbona mbali hivi?"