Ganda Lililong'aa Mno

Jumamosi ya tarehe 18 Oktoba, saa moja na dakika arobaini asubuhi, kibarua Dwight Oakes alimkuta mwajiri wake, Harlan Pruett, amelala kifudifudi kwenye lango la malisho. Mkono mmoja ulikuwa bado umeshika mnyororo wa lango. Risasi ilikuwa imeingia mgongoni.

Saa mbili na nusu naibu sherifu Noreen Vasek alikuwa ameshafika. Alipanda kilimani hatua mia mbili kutoka langoni, mahali ambapo mtu angeweza kulala kichakani akaliona lango lote. Nyasi zilikuwa zimelaliwa. Kando yake, juu ya sakitu, umande ulioganda usiku, ganda moja la shaba la risasi lilikuwa linametameta kama pete ya harusi.

Noreen aliliangalia bila kuligusa. Katika wilaya yetu ya Montana, wawindaji wengi hutengeneza risasi zao wenyewe, na mtu wa namna hiyo haachi ganda nyuma. Hulisaka kwa magoti hadi alipate, maana atalisafisha na kulijaza tena mara tano, mara sita. Aliyeacha hili alikuwa na haraka mno, au alitaka lionekane. Fataki yake, kile kidude cha chini kinachopigwa na bunduki, ilikuwa imebonyea. Ganda lilikwisha kupigwa. Alilitia kwenye mfuko wa ushahidi.

Mke wa marehemu, Dolores, alimpokea jikoni macho yakiwa makavu.

"Nani alikuwa na ugomvi naye, Dolores?"

"Si unajua. Arvid Stensrud. Jumatano walitaka kupigana mkutanoni kwa ajili ya mfereji wa maji. Watu sitini walisikia Arvid akisema, 'Harlan, siku moja mtu atakupiga risasi, na mimi nitamnunulia kahawa.'"

"Na Harlan alisemaje?"

"Alikuwa anarudia tu, 'Jumatatu nakwenda kwa askari wa wanyamapori.' Nikajua ni mambo ya Arvid na mfereji wake."

Noreen aliandika maneno hayo kwenye daftari, akayapigia mstari.

Dwight alikuwa wa kwanza kutiliwa shaka, kwani Harlan alikuwa amemwambia mwisho wa mwezi hana kazi. Lakini hadi saa moja na dakika ishirini alikuwa mgahawani mjini anakula mayai, na mhudumu alikumbuka hata mzaha wake mbaya. Dolores alikuwa ameusikia mlio wa bunduki saa moja na robo. Dwight akatoka.

Akabaki Arvid, na hapo Noreen moyo ulimuuma. Arvid Stensrud, mgane wa miaka sabini na mbili, ndiye aliyemfundisha kushika bunduki alipokuwa na miaka kumi na miwili. Alimkuta gerejini kwake saa tano, amevaa aproni.

"Asubuhi ulikuwa wapi, mzee?"

"Hapa hapa. Goti limenikatalia mlima."

"Nani alikuona?"

"Paka. Mkamate umhoji."

Gereji ile ilikuwa safi kuliko jikoni nyingi. Mezani lilikaa bakuli la mashine ya kutikisa, limejaa punje za magunzi ya mahindi yaliyosagwa. Ndimo Arvid alimong'arishia maganda yake miaka yote. Wengine husifu maganda ya jozi yaliyosagwa kwa sababu hukwangua uchafu haraka, lakini mzee alisema gunzi ndilo linaloipa shaba uso. Kando ya bakuli, kwenye sanduku, maganda yalikuwa yamepangwa wima, yanang'aa.

"Alhamisi nilipiga risasi ishirini kurekebisha darubini ya bunduki," alisema. "Usiku kucha yakatikiswa. Ijumaa alfajiri nikayachekecha na kuifuta meza, ndipo nikaenda Billings kwa daktari wa meno."

Noreen aliyahesabu. Yalikuwa kumi na tisa.

"Moja liko wapi?"

Arvid aliyahesabu mwenyewe, mara mbili. Uso ukambadilika. Noreen aliegemeza kiganja mezani, akashtuka. Kitu kilikuwa kimemchoma. Alikibandua: kijipini cha chuma, chembamba kama ncha ya sindano iliyovunjika. Alikitia kwenye bahasha.

"Nani aliingia humu Ijumaa?"

"Ufunguo ni mmoja," Arvid alisema, "nao ninao mimi." Hakumtazama usoni. Mchana huo sherifu alimtia mahabusu, na bunduki yake ikapelekwa maabara pamoja na ganda.

Jumatatu mchana jibu la maabara ya jimbo likaja. Risasi yenyewe ilikuwa imepasuka vipande kwenye mfupa, haikusema kitu. Lakini ganda lilisema: kibonyeo cha fataki na mkwaruzo wa ukingoni vililingana na bunduki ya Arvid. Sherifu akasugua mikono.

"Jumatano saa nne yuko mbele ya hakimu," alisema. "Ugomvi upo, bunduki ipo, ganda lipo. Unataka nini tena, Noreen? Picha ya harusi?"

"Nataka kujua kwa nini linang'aa."

"Shaba inang'aa, bibie!"

Noreen akatoka. Alichukua bunduki ya Arvid na risasi tatu za Arvid mwenyewe, akaenda uwanja wa shabaha nyuma ya ofisi, akapiga. Maganda matatu yakaruka, na yote matatu yalikuwa na masizi meusi shingoni, ndani meusi, yananuka baruti. Kisha akarudi akalimulika lile la kilimani kwa tochi. Shingo haikuwa na doa. Ndani, chini kabisa, punje moja ya gunzi la mahindi ilikuwa imeng'ang'ania.

Ganda lile lilitoka kwenye bunduki ya Arvid, ndiyo, lakini Alhamisi. Likasafishwa. Ndipo mtu akalichukua, akalipandisha mlimani na kulilaza juu ya sakitu.

Lakini Arvid mwenyewe angejua kwamba ni safi. Aliyeliweka hakujua. Aliamini ganda lenye fataki ndani halijasafishwa bado. Na ni watu wa namna moja tu wanaoamini hivyo kama wanavyoamini jua kuchomoza: wale wanaosafisha kwa maji na pini za chuma. Hao lazima watoe fataki kwanza ili pini zisugue mpaka kwenye kishimo chake. Maganda yao hutoka kama yamezaliwa leo, nao hutucheka sisi wengine.

Saa kumi jioni Noreen alikuwa kwenye karakana ya Russ Kolbe.

Russ alikuwa rafiki wa Arvid kwa miaka thelathini na minane. Waliwinda pamoja, wakaoa mwaka mmoja, Russ alibeba jeneza la mke wa Arvid. Siku hizi aliishi kwa kuwaongoza wawindaji matajiri kutoka miji mikubwa. Ukutani pipa la mpira lilikuwa linazunguka taratibu, maji na pini vikichakacha ndani.

"Maskini Arvid," Russ alisema, akikokota sumaku kwenye sinki ili aokote pini zilizomwagika. "Mdomo wake ndio uliomponza. Jumamosi nilimpelekea pai ya cheri kule mahabusu. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, au vipi?"

"Ndivyo wasemavyo. Lini ulikuwa gerejini kwake mara ya mwisho?"

"Ah, tangu Julai. Siwezi vumbi lake la mahindi mimi, mafua yananipanda."

Pini moja ilikuwa imenasa kwenye mkunjo wa mkono wa shati lake. Noreen aliiona, akaaga.

Lilibaki lile neno alilolipigia mstari. Askari wa wanyamapori hawashughuliki na mifereji. Usiku huo Dolores alimfungulia dawati la marehemu, na katika droo ya pili wakakuta picha iliyopigwa na kamera ya kufunga mtini, ya tarehe 9 Septemba: elki dume, kulungu mkubwa wa milima yetu, aliyeuawa ndani ya ranchi ya Pruett bila ruhusa, mteja akitabasamu, na kando yake Russ Kolbe ameshika pembe.

Jumanne saa nane mchana Russ alikuja mahabusu na pai nyingine. Noreen alimkaribisha kwenye chumba cha mahojiano. Arvid alikuwa ameshaketi humo, amekonda kwa siku tatu tu.

"Nisaidie, Russ, wewe ni bingwa." Noreen aliweka mezani ganda moja kati ya yale kumi na tisa. "Ukipewa hili, unaanza na nini?"

Russ alilinyanyua, akafurahi kuulizwa. "Natoa fataki. Halafu pipani, maji, sabuni na pini, kwa muda wa saa tatu. Utajitazama kama kwenye kioo."

"Kwa hiyo bado halijasafishwa?"

"Litakuwaje limesafishwa, afande? Huoni fataki imo?"

Arvid aliinua kichwa taratibu. "Limesafishwa hilo, Russ."

"Acha utani, mzee mwenzangu. Wewe hutoa fataki kwanza, kama kila mtu mwenye akili."

"Nilikuwa nikitoa. Mwaka jana punje ya gunzi iliziba kitundu cha kupitishia moto, risasi ikanigomea elki akiwa mbele yangu. Tangu hapo nasafisha na fataki ndani, punje zisipate pa kuingilia." Mzee alilitazama ganda. "Sikukwambia. Miaka kumi ulikuwa ukinionya, 'Magunzi yatakuziba.' Ungenicheka mpaka Krismasi."

Russ alilirudisha ganda mezani kana kwamba limemwunguza.

"Lililokutwa kilimani lilikuwa safi hivi hivi," Noreen alisema. "Halikupigwa Jumamosi. Liliokotwa kutoka sanduku la Arvid, na aliyeliokota aliacha pini yake juu ya meza iliyofutwa Ijumaa alfajiri. Wewe umeniambia hujaingia tangu Julai. Arvid, nakuuliza kwa mara ya mwisho. Kesho saa nne ni maisha yako. Nani alikuwa gerejini kwako Ijumaa?"

Arvid hakumtazama Noreen. Alimtazama Russ, muda mrefu, kama mtu anayemngoja mwenzake aseme mwenyewe. Russ alikuwa anatazama pai.

"Nilimwachia ufunguo," mzee alisema. "Alitaka kuazima mizani ya kupimia baruti. Aliporudisha ufunguo akaniomba nisimtaje, na Jumamosi alipokuja na pai yake akarudia. Akasema askari wa wanyamapori wanamwandama, jina lake likitokea popote atapoteza leseni. Nikamwahidi. Nilidhani namlinda."

Noreen aliiweka picha mezani. Hapo Russ alivunjika.

"Harlan alikataa kila kitu," alisema kwa sauti ndogo. "Nilimwomba, nikampigia magoti, mimi, kwenye zizi lake. Jumatatu, anasema, Jumatatu. Leseni ikienda na nyumba imekwenda. Na wewe Arvid, umeshasema mbele ya watu sitini… Sikukuchukia hata kidogo. Ulikuwa karibu tu."

"Karibu," Arvid alirudia. Machozi yalimshuka, wala hakuyafuta. "Nimekula pai yako, Russ. Nimelala kwenye kitanda cha chuma siku tatu nikimshukuru Mungu kwamba ninaye mtu mmoja nje."

Polisi wawili waliingia. Russ alinyoosha mikono afungwe. Mlangoni aligeuka, na aliyoyasema Noreen hakuyasahau, kwa sababu yalitoka kwa uchungu wa kweli, kama mtu aliyedhulumiwa.

"Kwa nini hukuniambia umebadilisha, Arvid? Mimi na wewe tulikuwa tunaambiana kila kitu."

"Miaka thelathini na minane," Arvid alisema, "nimekuficha jambo moja tu. Ndilo lililoniokoa."