Mti wa Arobaini na Moja

Aliyenisimulia kisa hiki kwanza ni mama yangu mdogo, Nasoweka, Juni 1999, siku ya tatu baada ya kumzika mumewe, Biziweki. Alikuwa akipukuchua mahindi. Hakulia.

Mwaka uliotangulia, kijiji chetu, hapa Malawi, kilitakiwa kuandika mpango wa msitu wake. Kila mti upimwe na kupewa namba. Uliofikisha unene wa sentimita hamsini ungekatwa, mwembamba ubaki. Zakeyu, mdogo wake Biziweki, alipima na kutaja aina ya mti na kipimo chake. Mama mdogo alirudia, kisha akaandika.

Jua lilikuwa linazama walipofika karibu na makaburi.

"Shemeji, tuishie hapa."

"Unaogopa maiti? Hao hawaibi kuni." Zakeyu alicheka, akaingia vichakani. "Andika! Mkusu, sitini na mbili!"

"Mkusu, sitini na mbili."

Giza likaingia. Akawa anamsikia tu.

"Biziweki, hamsini na nne."

Alidhani ni utani. Alirudia, akaandika.

"Zakeyu, sabini."

Akaandika tena. Harufu ya udongo mbichi ikamjia... kama wa shimo lililochimbwa sasa hivi.

"Nasoweka..."

Sauti haikuwa na mzaha. Alifunga daftari.

Ikangoja.

"Nasoweka..."

Hakurudia.

Kisha Zakeyu akatokea nyuma yake, upande wa kijijini, ameshika kamba.

"Shemeji, unamjibu nani? Utepe wa kupimia ulikatika, nilikuaga nakwenda nyumbani kuchukua kamba."

Asubuhi afisa misitu alikuta miti mitatu ya miyombo ukingoni mwa makaburi. Miwili ilikuwa na vipimo vilevile vya daftarini, hamsini na nne na sabini. Mama mdogo alimwomba aifute miti hiyo daftarini.

"Namba hairukwi, mama. Majina nitarekebisha."

Aliandika "myombo" mara mbili, penye namba thelathini na tisa na arobaini. Wa tatu, wa arobaini na moja, haukuwa na kipimo, akauacha nje ya mpango. Wanakijiji wote walitia sahihi. Biziweki pia.

Namba thelathini na tisa ilikatwa Jumatatu moja ya Juni, mwaka uliofuata. Biziweki alianguka uani Jumatatu hiyo, nsima, ugali wetu, ikiwa bado jikoni.

Namba arobaini ilikatwa Agosti. Zakeyu tulimzika Agosti.

Afisa alihamishwa, sijui kama yu hai. Myombo wa tatu bado umesimama. Mpango umekwisha muda wake, kamati ya msitu inapima upya, na mwandishi ni mimi.

Mama mdogo Nasoweka yu hai. Kila jioni huniuliza nimefika namba ngapi.