Sabuni Ndani ya Ufa

Asubuhi ile, jamani, ziwa lilitulia kama maji ya mtungini. Muuza dagaa alikuwa ufukweni akifua, moyo mweupe. Mama yake aliyekuja kumtembelea ndiyo kwanza ameondoka, akivushwa ng'ambo na mkwewe kwa mtumbwi.

Mkwe huyo, mume wa muuza dagaa, wavuvi walimwita Bwana Kesho. Mtumbwi wake ulikuwa na ufa tangu msimu uliopita.

"Baba watoto, uzibe. Ni pamba na lami tu."

"Kesho, mke wangu."

Wenzake wakimwambia usipoziba ufa utajenga ukuta, hujibu, "Mimi nina ukuta? Nina mtumbwi!" Wote hucheka. Ndugu zangu, kicheko hakizuii maji.

Muuza dagaa akanyoosha mkono achukue mche wa sabuni. Haupo. Akapekua beseni, wapi! Ndipo akaona povu jeupe juu ya maji, limejichora mstari kufuata njia ulikopita mtumbwi.

"Sabuni yangu iko ndani ya ufa!" akapiga yowe. "Na mama hajui kuogelea!"

Wanawake waliokuwa hapo ufukweni wakatupa visu vya kuparia samaki, wakasukuma mtumbwi wa jirani majini. Makasia yakalia chapu, chapu!

Wakawakuta mtumbwi umejaa mapovu. Bwana Kesho ameukalia ufa, mama mkwe anakumba maji kwa sufuria mpya aliyozawadiwa na bintiye.

"Mama, nisamehe, nimekaa mbele yako..." Bwana Kesho akataka kuinuka kwa adabu.

"Kaa hapo hapo, baba! Heshima yangu leo ni makalio yako!"

Mama akahamishwa salama, na vicheko vikalipuka. "Nimevushwa sana maishani," akasema akikamua kilemba, "lakini kuvushwa na kuogeshwa papo hapo, ni leo tu!"

Jua halijatua, ufa ulizibwa kwa pamba na lami, mama mkwe akisimamia, sufuria mkononi.

"Na sabuni yangu?" mke akauliza.

"Nitakununulia kes..." Bwana Kesho akaitazama sufuria. Akatoka mbio kwenda dukani.

FUNZO

Ndugu msomaji, mzembe hazami peke yake. Huwa amepakia watu wa nyumbani kwake. Ufa ukiuona, uwe wa chombo au wa nyumba, uzibe leo, tena kwa kitu kinachostahili. Si kila mama mkwe hutembea na sufuria.