Kamera Iliyotoka Ziwani

Kamera ilikubali mara ya kwanza. Fundi wa simu mwenye akili timamu, kitu kikikubali mara ya kwanza, hujiuliza amekosea wapi. Fanny alikuwa na akili timamu. Lakini alikuwa pia na njaa, saa saba ya mchana ilikuwa imepita, na Gordien alikuwa amemganda tangu asubuhi kama shati la mtumba lililobana.

Gordien alikuwa mkulima, mkimbizi kutoka Burundi, baba wa watoto watano, na hii ilikuwa mara yake ya tatu kupanda pikipiki kutoka kambi ya Lusenda hadi soko la Baraka kwa ajili ya mchezo wa simu. Ni mchezo wa kuwinda madubwana. Unafungua kamera, simu inakuonyesha uwanja wako kama ulivyo, halafu inachora dubwana limesimama chini, nawe unalikata kwa kidole, fya, fya, mpaka mstari mwekundu ulio juu ya kichwa chake uishe. Kwenye simu ya Gordien muziki ulilia vizuri tu, ila picha ilikuwa nyeusi kama tako la sufuria.

"Ni mchezo ya batoto," alisema kila alipokuja.

"Batoto bako na ndevu?" Willy alimwuliza kutoka upande wake wa kibanda.

Willy alikuwa mdogo wake Fanny, kinyozi. Waligawana kibanda na umeme wa paneli moja ya jua: kulia vichwa, kushoto simu. Mama yao alifariki Willy akiwa bado ananyonya, na Fanny, mwenye miaka kumi na miwili, ndiye aliyembeba mgongoni mpaka akajua kutembea. Sasa Willy alikuwa na miaka ishirini na minane, mrefu kama mlingoti wa redio, na bado Fanny, ambaye Willy alimwita yaya, yaani dada mkubwa, alimwuliza kila asubuhi kama amekula.

Kamera ya zamani ya simu ya Gordien ilimtoa jasho. Alifuta kioo chake kwa spiriti. Aliingia kwenye mipangilio akaupa mchezo ruhusa ya kutumia kamera. Aliufuta, akaupakua upya. Alizima ile hali ya kubana betri. Weusi ukabaki. Ndipo alipovuta boksi lake la simu zilizokufa, ambazo mafundi huziita kadavre, akachokonoa kamera ya simu moja aliyoletewa na wavuvi wa Swima. Ilikuwa imenaswa kwenye wavu pamoja na ndagala, wale dagaa wa ziwani, imeota ukoko wa kijani kila mahali. Kila mahali isipokuwa kioo cha kamera. Hicho kiling'aa kama jicho la mtu aliyetoka kulia.

Akaifunga kwenye simu ya Gordien, ikakubali papo hapo, na kibanda kizima kikaonekana kwenye kioo.

"Mungu iko!" Gordien akapiga makofi. "Fundi, we ni daktari!"

"Ngoja kwanza. Dubwana halikai vizuri."

Lilipaswa kusimama chini. Lilikuwa limepanda juu ya kuku wa muuza muhogo aliyekuwa akidonoa mbele ya mlango, limemfunika kama kofia, na kuku alipokwenda nalo likaenda.

"Leta nipige moja, tuone," akasema Gordien, akapitisha kidole kwenye kioo.

Nje kuku alifunguka. Hakulia. Upande mmoja ulianguka huku, upande mwingine kule, na mguu uliobaki peke yake ukapiga hatua mbili kabla haujatambua msiba.

Walitazamana.

"Pikipiki imemukanyaga," akasema Gordien.

"Umeona pikipiki hapo?"

"Apana."

Harufu ya tope la ziwa ikaingia kibandani, nzito, ya kitu kilichokaa chini ya maji mpaka kikasahau jua. Kwenye tundu la chaji la simu tone la maji likajikusanya, likadondoka. Tp. La pili likafuata. Fanny akainyakua simu kwa mkono wa kulia ili aufunge mchezo, na alipoiinua, kamera ikampata Willy aliyekuwa ameinama akifagia nywele za wateja wa asubuhi.

Dubwana lilikuwa mgongoni kwake. Limekaa pale pale ambapo mama hufunga mtoto.

"Willy, toka hapo," akanong'ona.

"Yaya, nitoke niende wapi, si unaona minafagia?"

Kidole gumba cha Fanny kilikwenda. Hata baadaye aliapa kwamba hakukipeleka yeye, kwamba alikiona kinakwenda kama unavyomwona mtu mwingine akivuka barabara. Shati la Willy likapasuka kutoka bega mpaka kiunoni, na ndani ya shati ngozi, na ndani ya ngozi pakaonekana kitu cheupe ambacho dada hapaswi kukiona kwa mdogo wake. Damu ikaruka mpaka kwenye kioo cha kinyozi. Willy akaanguka kifudifudi chini ya kiti chake. Kwenye simu, muziki wa mchezo ukacheza ule wimbo mfupi wa pongezi, na mstari mwekundu juu ya kichwa chake ukapungua nusu.

"Itupe!" Gordien akapiga kelele. "Fundi, itupe!"

"Haitoki! Gordien, mkono yangu haifunguke!"

Vidole vilikuwa vimefunga kwenye simu kama kucha za kunguru kwenye tawi. Fanny akaugeuzia mkono ukutani, na matofali yakakatika, fya, vumbi jekundu likamwagika. Akauinua juu, na bati la paa likapasuka na jua likaingia kama panga. Kwa mkono wa kushoto akabandua mfuniko na kung'oa betri, betri ikaanguka, na simu ikaendelea kuwaka na kuimba. Gordien, ambaye tangu azaliwe hakuwahi kuitwa shujaa, akaruka akaziba kamera kwa kiganja chake. Vidole viwili vikadondoka mezani kati ya bisibisi. Akavitazama kwanza kwa mshangao, kama mtu aliyeletewa chakula ambacho hakuagiza, kisha ndipo akalia.

Na mkono ulianza kurudi. Fanny aliuvuta kwa mkono mwingine, akauegemeza ukutani, akaubana kwa goti, lakini mkono wa fundi mwembamba ukawa na nguvu za wanaume sita wanaovuta wavu, na kidogo kidogo, huku matone yakidondoka tp, tp, tp, kamera ikaacha paa, ikaacha ukuta, ikashuka kwenye kioo chenye damu, ikashuka kwenye kiti, ikitafuta chini ya kiti pale ambapo Willy alikuwa akijaribu kutambaa na miguu ikimkataa.

"Yaya," Willy akasema kwa sauti ndogo, "yaya, usinitazame na ile kitu."

Mlango ukazibwa na mtu. Mama Adolphine wa chumba cha maombi, mwanamke ambaye akiingia mahali hata giza husogea kumpisha, alikuwa amesikia makelele kutoka kwenye meza yake ya vitenge, akaja mbio na kandambili moja na chupa ya mafuta ya kuombea.

"Kwa jina la Yesu, toka!" akanguruma.

Kamera ikamgeukia. Chupa ikakatika mkononi mwake, na kipande cha kitambaa chake cha kichwa kikaenda pamoja na kipande cha sikio. Mama Adolphine hakurudi nyuma. Alishika sikio, akaitazama simu, akamtazama Fanny, na damu ikimtiririka shingoni akauliza kwa utulivu wa mtu anayeuliza bei:

"Fanny, hii kitu, ni wewe njo unaicheza?"

"Si mimi!"

"Basi ni nani anacheza?"

Fanny akafikiri kama fundi. Katika miaka kumi na saba ya kutengeneza simu alijua kamera ya nyuma inaonyesha kinachotazamwa. Anayetazama yuko upande wa pili. Simu hii ilikuwa na kamera ya mbele, ndogo, ya zamani, ile ile iliyotoka nayo dukani, na hakuna aliyekuwa ameigusa. Alisogeza uso kwenye kioo, huku mkono ukipambana naye, huku nusu ya kiti cha kinyozi ikikatika na kuanguka pembeni ya kichwa cha Willy, akabonyeza kwa ncha ya pua ile alama ya kugeuza kamera.

Akajiona. Na juu ya bega lake la kulia akakiona kimechuchumaa, kitu chenye umbo la mtu aliyelowa miezi, ngozi imevimba na kuwa nyeupe kama muhogo uliolowekwa, hakina kope, mdomo umejaa ndagala walio hai wakigaragara kati ya meno, na mkono wake kimeuingiza ndani ya mkono wa Fanny kama mtu anavyovaa koti la kuazima, bega ndani ya bega, kiwiko ndani ya kiwiko, kidole ndani ya kidole. Hakikumtazama Fanny. Macho yake yote yalikuwa kwa Willy, na kilikuwa kinacheka kimya kimya, kama mtoto anayekaribia kushinda.

Na lile dubwana la mchezo, kwa kuwa kamera ndivyo ilivyoona sasa, lilikuwa limekaa juu ya mkono huo.

"Mama Adolphine," akasema Fanny, "funga macho ya mdogo wangu."

Akapitisha kidole cha mkono wa kushoto kwenye kioo, chini kidogo ya kiwiko, kwa nguvu, kama mtu anayefuta deni lake la mwisho duniani.

Vilio viwili vilisikika. Kimoja kilikuwa cha Fanny. Cha pili kilitoka chini kwa chini, kikapita kwenye udongo wa sakafu kuelekea ziwani, na sokoni kote maji yaliyokuwa kwenye ndoo na masinia yakatetemeka. Mkono ukaanguka kwenye nywele zilizofagiliwa, simu bado iko ndani yake. Gordien, kwa vidole vyake vinane, akakikaza kigutu cha Fanny kwa waya wa mashine ya kunyolea, akiomba kwa Kirundi na kutukana kwa Kiswahili.

Siku ya tatu Fanny alifungua macho hospitalini. Willy alikuwa ameketi dirishani, mgongo umeshonwa kama gunia, anamenya ndizi.

"Yaya. Umekula?" akamwuliza, akatabasamu.

Fanny akalia mpaka muuguzi akaja.

Gordien naye akaja mchana, mkono umefungwa bandeji, akasimama mlangoni akizungusha kofia.

"Tulirudi kule kibanda na Mama Adolphine, tuchukue mkono tuuzike," akasema kwa sauti ya chini. "Hauko. Simu pia haiko. Kwenye vumbi kuko alama tu, kama kaa amepita. Zinatoka kwa mulango, zinakuja huku."

"Mbwa ameubeba," akasema Willy.

"Njo vile, ni mbwa," akakubali Gordien haraka.

Fanny alitazama bandeji chini ya kiwiko chake. Tangu alipoamka mkono usiokuwepo ulikuwa haumuumi hata kidogo. Ulikuwa umeshika kitu chepesi, laini, chenye unyevu. Alikisikia kikigeuka taratibu kushoto, kikigeuka kulia, kikipanda. Kisha kikatulia, na kidole gumba ambacho hakuwa nacho kikainuka.

"Willy," akasema. "Mdogo wangu. Toka dirishani."