Maziwa Kwenye Kiti cha Abiria

Gari la Samatar lilianza kutoa maziwa siku ya Jumanne, baada ya adhuhuri, saa ambayo mji mzima wa Burao umeshiba wali na nyama ya mbuzi na hakuna mwenye nia ya kufanya lolote.

Alikuta kiti cha abiria kimelowa. Akagusa, akanusa. Maziwa ya ngamia, tena yale ya chombo kilichofukizwa moshi. Akafuta. Jumatano yakarudi. Alhamisi jirani yake Hirsi, mtu asiyeweza kuona kidonda bila kukitia chumvi, akachungulia dirishani.

"Samatar! Wenzio wanakamua ngamia, wewe unakamua Toyota?"

"Koma wewe."

"Siulizi kwa ubaya. Nataka kujua tu, linazaa lini?"

Mtaa ukacheka. Samatar naye akacheka, kicheko cha mtu aliyekanyagwa kidole mbele ya wakwe. Harufu ile aliijua. Dada yake Ebla ndiye aliyekuwa akifukiza madumu yake hivyo, akayafunga kitambaa chekundu shingoni yasichanganyike na ya wenzake, akapanda nayo lori kila alfajiri kwenda sokoni. Miezi minane iliyopita dereva alisinzia kwenye kona. Ebla hakufika sokoni.

Ukoo wa dereva ulilipa dia, fidia ya damu, bila ubishi: ngamia hamsini, kwa kuwa mwanamke kwetu huhesabiwa nusu. Siku ya kukabidhiana, katika mkahawa wa chai, mbele ya wanaume sitini, msemaji wao Warfa aliuliza swali moja tu: "Marehemu ameacha mtoto?"

Mtoto angekuwepo, fungu kubwa lingekuwa lake, na mjomba angebaki mchunga mali ya mwenzake. Samatar akaweka mkono juu ya msahafu.

"Hakuacha."

Wazee wa ukoo wake mwenyewe wakakohoa, wakatazama vikombe vyao. Nao walikuwa na mafungu yao.

Wakati huohuo Idil, binti wa Ebla, miaka minane, alikuwa nyumbani kwa Samatar akisugua masufuria. Mgeni akiuliza huyu ni nani, Samatar hujibu, "Mtoto wa jirani." Idil alishazoea. Hakuinua hata kichwa.

Ijumaa, Kinsi, mke wa Samatar, alifungua mlango wa mbele wa gari.

"Kaa nyuma, mama," Samatar akamwambia.

"Nyuma kama gunia? Dia ya wifi yangu imenunua viti vyote hivi, hiki ni changu."

Akakaa. Jua lilikuwa la utosi, watoto wanacheza mpira uchochoroni, injini haijawashwa, na hapo ndipo kitu kikaanza kugonga nyuma ya gari, du, du, du, kama madumu yanavyogongana lori likipita kwenye mashimo, ingawa nyuma hakukuwa na kitu ila tairi la akiba, na moshi wa ufukizo ukajaa ndani bila moto, na maziwa yakapanda kutoka kwenye sponji yakamlowesha Kinsi mapajani, ya uvuguvugu kama yametoka kukamuliwa sasa hivi, naye akageuza shingo polepole kumtazama mumewe kwa macho yasiyopepesa, na sauti ikatoka, ya chini, ya adabu, isiyokuwa yake.

"Mtoto ni wa nani?"

Akaletwa Sheikh Bulhan na chupa yake ya maji. Akasoma mpaka kilemba kikalowa jasho.

"Wewe ni Ebla?" akanong'ona.

"Ebla kapumzika kwa Mola wake. Mimi nakaa shimoni, pale konani. Madumu yake yalinimwagikia mdomoni. Kwenu, anayepewa maziwa ni mgeni, na mgeni huulizia watoto wa nyumba. Nimeuliza, shekhe. Sijajibiwa."

Samatar akamvuta shekhe kanzu. "Mwambie nitampa msichana ngamia. Kumi. Kimyakimya."

Kinsi akacheka bila kufungua meno. "Ulisema mbele ya sitini. Ufute mbele ya sitini."

Shekhe akafunga chupa yake. "Bwana, huyu hatoki kwa kusomewa. Huyu ana hoja."

Jumamosi, baada ya alasiri, Samatar aliingia mkahawani amemshika Idil mkono, kwa mara ya kwanza tangu msiba.

"Leo umekuja na gari," Hirsi akapaza sauti, "au umeleta mtindi?"

Kicheko kikazunguka meza zote, kikazima chenyewe walipomwona mtoto. Warfa alikuwepo. Mtu huyu alikuwa amepita hema kwa hema kukusanya dia ile, hata wajane wa ukoo wake wakatoa mbuzi. Samatar akasimama katikati. Maneno alikuwa nayo, ameyakariri njia nzima: ni mtoto wa dada yangu, niliapa uongo. Yalifika mpaka kooni. Akamwona Warfa anamtabasamia, tabasamu la mtu anayekuamini.

"Huyu mrembo ni nani?" Warfa akauliza.

Na mdomo ukafanya ulichozoea.

"Mtoto wa jirani."

Kisha yakaanza. Kwanza uzi mwembamba pembeni mwa mdomo, halafu puani, halafu maziwa yakashuka kwenye ndevu zake za hina mpaka kwenye shati lake jeupe la kuendea swala ya Ijumaa, tone kwa tone sakafuni, na mkahawa mzima ukanuka moshi wa madumu ya Ebla. Alipojaribu kusema, yakazidi. Hirsi akavuta kiti chake nyuma.

Warfa akachuchumaa mbele ya msichana. "Binti, mama yako alikuwa nani?"

"Ebla. Muuza maziwa."

Wazee wakatazama vikombe vyao. Vilikuwa vitupu, lakini waliendelea kuvitazama.

Nje, kiti cha abiria kilikuwa kimekauka kabisa. Mgeni alikuwa amehama chumba.

Idil akatoa kitambaa chekundu kilichofungwa kwenye pindo la shungi lake. Akakiweka kwenye kiganja cha Samatar.

"Jifute, jirani."