Aliyekaribishwa Katikati

Alfajiri hiyo mjini Kashan, Uajemi, ngoma ya mazoezi ya Murshidi Yadollah ilinuka nywele zilizoungua, na bado hajaisogeza kwenye makaa ngozi ikaze. Akasema ni unyevu. Wanaume bwana, kila kitu kwao ni unyevu.

Wenzake wakashuka na marungu yao ya kuzungusha kwenye shimo la mazoezi. Wa mbele Nosrat, pahlawani, bingwa wa mieleka wa mtaa. Nyuma yake mdogo wake Behruz, ambaye daktari alishamwonya kuhusu moyo. Kila siku, kabla ya kusimama katikati kuongoza, Nosrat huwakaribisha wengine waichukue nafasi hiyo. Adabu tu. Wote hukataa, na ambaye angekubali angebwagwa mpaka asahau titi la mamake. Siku hiyo Nosrat akaona aongeze mzaha, akaigeukia pembe tupu.

"Na wewe uliyejificha hapo, karibu uongoze."

"Ahsante," pembe ikajibu. "Nimekubali."

Kwato zikasikika zikishuka shimoni. Marungu yakainuka, na mikono ikainuka nayo, maana aliye katikati ndiye afuatwaye, na hakuna aliyeweza kuyatua, na ngoma ikakimbia huku Murshidi akilia kwamba vidole si vyake tena, na ile harufu ikawajaa vifuani, na marungu yakazidi kuzunguka, na Behruz midomo ikaanza kugeuka rangi.

"Nosrat," Murshidi akanong'ona, "aliyekaribisha ndiye afukuzaye. Sema ulikuwa unadanganya."

"Mbele za watu?"

"Mbele ya mdogo wako anayekufa, punda wewe."

Nosrat akawatazama watu. Akazitazama picha za mapahlawani ukutani. Behruz akamwita kaka, sauti haikutoka. Nosrat akawatazama watu tena.

"Nilidanganya," akasema mwishowe. "Siku zote nilikuwa nadanganya."

Kwato zikapanda, zikatoka, bila haraka. Wote wakaanguka chini, wakahema. Behruz hakuhema.

Wakampeleka kwa mama yao, Bi Mahlagha. Mikono ya maiti ilikuwa bado ikizunguka, polepole, ikabidi ifungwe kwa kitambaa ndipo aoshwe. Wakamsimulia mama yote: pembe, sauti, kwato. Akawasikiliza mpaka wakamaliza, kisha akamgeukia mwanawe mkubwa.

"Habari za jini nimezisikia. Wewe ulikuwa unangoja nini?"